Shada la Maua kwenye Picha ya Mama

Filamu imetoka. Watu wa Voi wameitafuta kwenye simu zao, wameitazama kwa vipande, na pale unapoonekana mtaa wetu wamesimamisha na kupiga kelele, "Hapo ni kwetu!" Mimi nimeitazama mara moja tu, mchana, mlango ukiwa wazi na redio ya jirani ikiimba. Ni filamu ya Kihindi, ya kutisha bila damu. Hakuna anayechinjwa, hakuna jini, ni mwanamke mmoja tu ndani ya nyumba anayeanza kutoyaamini macho yake. Nyumba yenyewe ni ya mama yangu. Kuna mahali katikati ambapo yule mwanamke anageuka na uso wake unabadilika, na wanaojua mambo ya filamu wanasema hapo ndipo alipoigiza vizuri kuliko pengine pote. Mimi nilikuwa nimesimama karibu naye siku hiyo, na najua aliona nini.

Lazima niseme mapema kwamba mimi ni mtu wa wasiwasi. Nikitoka nyumbani narudi kuangalia gesi, halafu narudi tena kuangalia kama nilifunga mlango niliporudi kuangalia gesi. Watoto ninaowafundisha huniiga nyuma ya mgongo wangu, jinsi ninavyowahesabu kabla ya kuvuka barabara kuu na kuwahesabu tena tukishavuka. Ndugu yangu mdogo, anayefanya kazi kwenye ofisi za kaunti kule Wundanyi, husema kwamba mimi nikikosa cha kuogopa, huogopa kwa nini nimekikosa. Basi mwaka ule nilikuwa nacho, tena kikubwa.

Mama alikuwa na uvimbe tumboni. Daktari wa Voi aliupiga picha akamtuma Mombasa, na daktari wa Mombasa akasema utolewe kwanza, kisha upimwe ijulikane ni wa aina gani. Mama akasema asante, akarudi nyumbani, na kwa muda mrefu hakutaka kuisikia habari hiyo. Sababu yake ukoo mzima uliijua. Dada yake mkubwa alikwenda kupasuliwa, na kabla ya kwenda alifanyiwa kila kitu: harambee, maombi ya nyumbani, kikundi cha akina mama kikaja na sare zake, mchungaji akampaka mafuta, watu wakapiga picha naye mmoja mmoja. Hakurudi. Mama alisema walimuaga dada yake mzima mzima, sasa yeye angefanya nini, si aende tu.

Alipokubali hatimaye, alikubali akichagua maharagwe, wala hakuniangalia.

"Nitaenda," alisema. "Lakini sitaki harambee. Sitaki maombi hapa nyumbani, anayetaka kuniombea aniombee kwake. Sitaki mtu wa kulia. Nikiona tu mtu ananiaga, siendi. Umesikia?"

"Nimesikia, Mama."

"Hata huyo ndugu yako mwenye mdomo, umwambie."

Nilimwambia. Tarehe ya hospitali ikapangwa, nami nikaanza kuishi kwa kunyata, maana niligundua kwamba karibu kila kitu ambacho watu hufanya kwa upendo kinaweza kuonekana ni kuaga. Jirani akimletea ndizi nilikuwa na hofu. Shangazi akipiga simu kutoka Mata na kuzungumza kwa sauti ya chini, nilimnyang'anya Mama simu nikasema mtandao ni mbaya.

Katikati ya hayo ndipo watu wa filamu walipokuja. Walikuwa wakitafuta nyumba ya mawe ya enzi za reli ya zamani, yenye baraza na bati la zamani, na ya Mama ilikuwa hivyo hasa, kwa sababu marehemu baba aliinunua baada ya kustaafu kazi ya reli. Mwongozaji wao, mzee mpole mwenye miwani iliyofungwa kwa kamba, alituambia babu yake alipita hapa akijenga ile reli ya kwanza. Alizungumza Kiingereza, na alipomsalimu Mama, Mama akamjibu kwa Kihindi. Chumba kizima kikapiga makofi. Mama alikuwa yaya kwa miaka mingi katika familia ya Kihindi iliyokuwa na duka la vitambaa mjini. Jumapili alikuwa akitazama nao filamu, akajifunza Kihindi cha kutosha kugombeza na kubembeleza.

Hadithi ya filamu ilikuwa hivi. Mwanamke wa Kihindi aliyezaliwa katika mji mdogo wa reli huku kwetu anarudi baada ya miaka mingi, anakuja kukaa katika nyumba ya yaya aliyemlea, ambaye ameshafariki. Anaanza kusikia hatua jikoni. Kikombe alichokiacha mezani anakikuta kimeoshwa. Hajui kama yaya hakufa kweli, au ni yeye anayerukwa na akili. Mwongozaji alipomaliza kusimulia, Mama alicheka hadi akashika tumbo, nami nikaogopa kwa sababu ya lile tumbo.

"Huyo yaya basi ni mimi," alisema.

Akahamia kwangu Mwakingali ili wapate nafasi ya kufanya kazi. Mimi nilikuwa likizoni, wakaniajiri niwe mwangalizi wa nyumba. Niliona ni baraka. Mama atakuwa na cha kusimulia, siku zitasogea, na tarehe itafika kabla hajabadili mawazo.

Sikujua filamu inavyotengenezwa. Nilidhani wanaanza mwanzo na kumaliza mwisho. Kumbe wanaweza kupiga kifo asubuhi na kuzaliwa baada ya chakula cha mchana, na kwa sababu hiyo lazima kuwe na mtu wa kukumbuka kikombe kilikuwa upande gani, ukosi ulikunjwa vipi, jasho lilikuwa limefika wapi. Kazi hiyo ilifanywa na binti mmoja kutoka Mumbai, mwembamba, asiyekaa chini. Akiona pazia limesogea kidogo alikuwa akitoa sauti ya mtu aliyeumwa. Nilimpenda siku ile ile, kwa sababu hatimaye nilikuwa nimepata mwenzangu. Akawa ananiuliza vitu vya nyumba vilikokuwa jana, nami nilikuwa najua, maana katika nyumba ya Mama hakuna sufuria iliyowahi kuhama.

Usiku wote wa filamu ile ulipigwa mchana. Madirisha yalifunikwa kwa vitambaa vyeusi vizito, taa moja ikawekwa mahali pa mwezi, na ndani kukawa usiku kweli kweli. Ukitoka nje unakutana na jua la Voi, mbuzi na mama anayeuza mahindi, na macho yanauma. Ukirudi ndani ni usiku tena. Baada ya siku chache sikujua tena saa, na ndani ya nyumba niliyokulia nilianza kugusa ukuta nikitembea.

Adui wao mkubwa alikuwa sauti. Malori ya barabara ya Mombasa hayajui kama kuna mtu anaogopa jikoni. Walifunika madirisha kwa magodoro, wakapeleka jenereta mbali, na bado lori likipiga breki kazi ilisimama na kuanza upya. Mtu wa sauti, bwana mnene mwenye subira, siku moja alituomba sote tusimame kimya kabisa hapo tulipo, arekodi nyumba peke yake. Alisema kila chumba kina ukimya wake, na ukimya wa chumba kingine ukiwekwa hapo masikio ya mtazamaji yatajua. Tukasimama. Nikasikia bati likilia kwa joto. Nikasikia friji. Nikasikia nyumba ya mama yangu bila mama yangu ndani yake. Nilitaka kulia, nikakumbuka kwamba nimekatazwa, tena na watu wawili.

Sasa nije kwenye maua. Sebuleni kulikuwa na picha ya Mama tangu nijue kusoma. Ni kijana, amevaa gauni la maua madogo, anamkodolea macho mpiga picha kama mtu aliyesubiri jibu akachoka. Watu wa filamu waliniuliza kama ibaki ukutani iwe ndiyo picha ya yule yaya, nikasema ibaki. Asubuhi moja nilifika nikaikuta imezungushiwa shada refu la maua ya rangi ya chungwa, ya plastiki lakini yametengenezwa vizuri.

Nilifurahi. Naomba nieleweke. Kwetu shada la msiba ni la duara na linalazwa juu ya kaburi. La shingoni ni la sherehe. Kijana akihitimu chuo anavishwa yale ya karatasi za kung'aa hadi masikio hayaonekani, na mgeni wa heshima akija shuleni anavishwa pia. Mimi mwenyewe nilipohitimu nililivua langu nikamvika Mama. Niliona wageni hawa wamempa Mama heshima kwa kuwapa nyumba, na nikasema moyoni, hawa watu wana adabu.

Ndugu yangu alikuwa ameteremka kutoka Wundanyi siku hiyo na gunia la parachichi, kuja kuona waigizaji. Aliiona picha, akatoa simu. Kabla sijamwekea chai ilikuwa imeshafika kwenye kundi la familia: picha ya Mama, shada shingoni, na maneno, "HONGERA MAMA! STAA WETU!" Mashangazi wakapiga makofi ya kidole, yale ya kwenye simu. Binamu mmoja akaandika Mungu ni mwema. Nami nikaweka mioyo.

Ilikuwa baada ya chakula ambapo yule binti wa Mumbai alinivuta kando.

"Mama yako hana shida na yale maua?" aliuliza. Tulizungumza Kiingereza, na chake kilikuwa cha haraka kuliko changu. "Kwetu hayawekwi kwenye picha ya mtu aliye hai. Nilimuuliza mwongozaji, akasema mlikubali."

"Kwani maua yana nini?"

Akaniangalia kwa huruma. Akaeleza kwamba hiyo ndiyo namna ya kusema mtu amekufa bila yeyote kusema. Kamera ikipita ukutani ikaonyesha picha yenye shada, mtazamaji wa Kihindi hahitaji neno lingine.

Mama aliyejua filamu zao. Mama aliyeishi katika nyumba zao. Katika ukoo mzima ni yeye peke yake ambaye akiiona picha ile angejua inasema nini, na inasema amekufa, na watoto wake wameandika hongera. Nikampigia ndugu yangu, ambaye alikuwa bado nje anazungumza na madereva.

"Futa ile picha!"

"Gani?"

"Ya Mama. Futa sasa hivi."

"Kwani nini mbaya? Si ni maua tu?"

Nikamweleza.

"Lakini sis, watu wameshaiona," alisema. "Wengine wameiweka kwa status."

Nikaenda kwa mwongozaji. Alisikitika sana, alivua miwani akaifuta, lakini akasema vipande vingi vimeshapigwa shada likiwa pale. Likitoka, filamu itakuwa na yaya anayekufa na kufufuka ukutani. Nilimgeukia yule binti anisaidie. Aliinamisha kichwa, maskini, kwa sababu kulinda vitu visisogee ndiyo ilikuwa kazi yake. Kilibaki kipande kimoja kikubwa cha sebuleni, cha kesho yake, kisha shada lingetolewa. Kwa hiyo nilitakiwa kumzuia Mama asiione simu yake leo na asifike nyumbani kwake kesho. Nilijiambia hayo ni mambo mawili madogo.

Nilifika kwangu nikakuta simu ya Mama imezima, chaji imeisha. Nilimshukuru Mungu, kisha nikaichukua chaja nikaizamisha kwenye debe la unga.

"Umeona chaja yangu?" Mama aliuliza.

"Hapana. Labda watoto wa jirani."

"Watoto wa jirani wana simu?"

Aliniangalia kidogo, akarudi kwenye viazi vyake. Usiku huo sikulala vizuri. Kila nilipofumba macho nilimsikia akisema, "Siendi," na uvimbe ukibaki ndani yake, ukikua, mimi nikiwa nimeshindwa na maua ya plastiki.

Kesho yake nilimwacha Mama akipalilia sukuma wiki, nikamwambia leo wanapiga kazi ngumu, hata mimi sitakiwi kuongea. Hilo lilikuwa kweli. Mwongozaji alitaka kipande kimoja kirefu bila kukatwa. Kamera inaanza kwenye picha, inarudi nyuma polepole, tunamwona mwanamke amesimama mbele yake akizungumza na marehemu. Halafu anasikia hatua. Anageuka kuelekea jikoni, ambako hakuna mtu. Uso wake ndio utakaotuambia kama anaona kitu au anaumwa.

Mwigizaji alikuwa mwanamke wa makamo, mashuhuri kwao, aliyefika Voi baada ya Mama kuhama, kwa hiyo hawakuwa wameonana. Alifanya. Mwongozaji akasema vizuri, tena. Alifanya tena. Lori likapiga honi, wakaanza upya. Alifanya tena na tena, analia vizuri, anageuka vizuri, na kila mara mwongozaji anakuna kidevu. Hata mimi niliona. Hofu ilikuwa nzuri lakini ilikuwa ya kuazima. Mimi ninayeijua hofu nikiila nikiinywa, niliona haijafika tumboni.

Wakatulia mara nyingine. Mtu wa sauti akainua mkono, na baada ya hapo hakuna anayeruhusiwa hata kumeza mate. Mimi nilikuwa nyuma ya kamera, kando ya kabati la vyombo, nikitazama upande wa jikoni. Mwigizaji akaanza maneno yake kwa sauti ya chini. Na hapo nikaona mlango wa jikoni unasogea.

Mlango ule sote tulidhani umekwama, ndiyo maana hakuna aliyewekwa kuulinda. Mama peke yake ndiye anayejua kwamba unauinua kidogo kisha unausukuma. Alikuwa amesimama pale, kitambaa kichwani, ndara amezishika mkononi. Alikuwa ameusikia ukimya akajua la kufanya, maana ni mtu aliyezoea kuingia vyumba vyenye watoto waliolala. Akapiga hatua. Akapiga nyingine. Akainua macho ukutani.

Sikuweza kusema. Nilimpungia mikono, nikatikisa kichwa, nikafanya kila ishara niliyowahi kuwafanyia watoto wa darasa la kwanza. Hakunitazama. Alikuwa anaiangalia picha yake na maua yake, anamsikiliza mwanamke asiyemjua akimlilia kwa Kihindi, na alikuwa akielewa. Nikasikia moyo wangu ukipiga hadi nikaogopa utarekodiwa. Ndipo mwigizaji akageuka.

Alimwona yule wa kwenye picha, amezeeka, miguu mitupu, katikati ya giza la mchana. Hakupiga kelele. Uso wake ulifunguka tu, ukapoteza kila alichojifunza, mkono ukarudi nyuma kutafuta meza na haukuipata. Na Mama, alipomwona mtoto wa watu anatetemeka, alifanya kile alichofanya maisha yake yote. Alimwambia kwa Kihindi, polepole, kwamba asiogope.

Mwongozaji hakusimamisha. Kamera ilibaki pale mpaka nikadhani wameisahau. Aliposema basi, kila mtu alizungumza kwa pamoja. Mwigizaji alilia, akacheka, akamshika Mama mikono asiiachie. Yule binti alikuwa ameziba mdomo. Mwongozaji alikunja viganja vyake mbele ya Mama akaomba radhi kwa maua, akainama kabisa, mzee yule. Mama akamjibu kwamba hakuna neno, amekuja tu kuchukua leso zake mbili za kwenda nazo hospitali, zimo kwenye sanduku. Akaenda chumbani, akazichukua, akatoka kwa mlango ule ule.

Nilimfuata. Tulitembea juani hadi Mwakingali bila yeye kusema neno. Nilikuwa nalisubiri lile neno kila hatua. Tulipofika alizifua zile leso, ingawa zilikuwa safi, akaanza kuzianika, na mimi nikasimama upande wa pili wa kamba.

"Mama," nilisema. "Bado tutaenda hospitali?"

"Mimi nitaenda. Wewe huendi."

Sikuelewa. Akanyoosha pindo la leso.

"Ile picha niliiona siku ile ile," alisema. "Jirani alinionyesha kwa simu yake. Nikacheka sana. Nikangoja wewe uniambie. Badala ya kuniambia, ukanifichia chaja."

"Hukuogopa?"

"Niogope maua? Mzee wa duka alipokufa, ni mimi nilikuwa nabadilisha maua kwa picha yake kila asubuhi. Yale ni ya yule wa ukutani. Mimi niko hapa naanika leso."

"Sasa kwa nini nisiende na wewe?"

"Kwa sababu wewe umeshaniaga." Hakusema kwa ukali, na hilo ndilo lililoniumiza. "Tangu nikubali kwenda, unaniaga. Nikila, unaniangalia. Nikikohoa, unaweka kijiko chini. Usiku unafungua mlango uone kama napumua, unafikiri nimelala. Leo nimemwona yule mama akiangalia ile picha, nikajiuliza, huu uso nimeuona wapi? Kumbe ni wako. Sasa yeye analipwa kuniangalia hivyo. Wewe nani anakulipa?"

Nilikasirika. Nani alifuatilia bima? Nani aliongea na daktari? Nani alikuwa anakula wasiwasi asubuhi, mchana na jioni ili wengine wale chakula?

"Na utaenda na nani?" niliuliza. "Na huyo aliyekuandikia hongera?"

"Huyo huyo. Huyo mpaka leo haniangalii kama mgonjwa."

Nikaingia ndani, nikapika ugali mgumu kuliko haja. Nilikuwa na hasira naye, na nilikuwa na hasira zaidi kwa sababu nilipomletea chakula nilijikuta nimesimama, sahani mkononi, namwangalia anavyokaa. Nikaiweka sahani nikatazama ukuta.

Siku ya safari niliwasindikiza hadi stesheni ya SGR. Ndugu yangu alikuja na begi kubwa lisilo na sababu na mahindi ya kuchemsha, na kabla hawajafika pa kukaguliwa mizigo walikuwa wanagombania nani atakaa dirishani. Mama alikuwa anamwambia kwamba yeye ameona Tsavo tangu mwanawe hajazaliwa, tembo hawamtishi, kijana ndiye akae kando. Wote wawili walikuwa wanacheka. Mimi nilikuwa nimeyaelekeza macho kwenye viatu vyangu, kwa nguvu.

"Unaangalia nini huko chini?" Mama aliuliza.

"Hakuna."

"Haya. Umwagilie sukuma."

Akaingia. Hakugeuka, na mimi nilijua hakugeuka kwa sababu yangu.

Watu wa filamu walimaliza wakaondoa vitambaa vyeusi, mwanga ukaingia ndani ya nyumba ukaonyesha vumbi lote. Siku ya upasuaji nilikwenda kuipiga deki. Nilimwaga maji vyumba vyote, nikasugua baraza hadi nikafika mahali ambapo hapakuwa na uchafu tangu mwanzo. Simu niliiweka dirishani. Walisema watamwingiza asubuhi. Adhuhuri ikapita. Nilimpigia ndugu yangu, simu yake haikupatikana, na nikajua kwa hakika, jinsi ninavyojua mambo yote mabaya kwa hakika, kwamba ameizima kwa sababu hajui atanieleza vipi. Nilisugua tena jikoni. Nilimsamehe, nikamlaani, nikamsamehe.

Alipopiga, niliipokea kwa mkono wenye sabuni.

"Sis? Simu iliisha chaji. Ametoka. Ameamka kitambo. Anasema chai yao haina majani."

"Ameamka?"

"Ameamka, anagombeza nesi. Daktari anasema wameutoa wote, na kwa macho yake hauonekani mbaya, tungoje tu majibu. Uko sawa?"

Sikuwa sawa. Kitu fulani kilichokuwa kimefungwa ndani yangu tangu siku ya maharagwe kilipasuka, nikapiga ukelele ambao sikujua ninao. Nilikaa kwenye kizingiti cha mlango nikalia kwa sauti yote, bila aibu, huku ndugu yangu akiita sis, sis, kwenye simu iliyodondoka.

Kwetu hakuna anayesikia kilio kama kile akauliza. Wanakimbia. Akina mama wa mtaa walitokea kila upande, wawili wameshajifunga leso kiunoni tayari kwa kazi ya msiba, mmoja amebeba sufuria kubwa, na mwingine alikuwa ameanza kulia tangu njiani, akilitaja jina la Mama. Wakanishika mabega.

"Amefariki saa ngapi?" mwenye sufuria aliniuliza, kwa sauti ya upole.

"Hajafa," nilisema, nikijifuta. "Ameamka. Anataka chai."

Wakaangaliana.

"Sasa wewe unatulilia nini?" alifoka yule mwenye sufuria, na akaiweka chini kwa kishindo.

Yule aliyekuwa ameanza kulia njiani akaketi kando yangu kwenye kizingiti, bado anahema, akaendelea tu kulia, maana alikuwa ameshaanza, na mimi nikaendelea naye.